Jaribio, Bomu na Ndege: Masuala ya Istilahi za Silaha za Nyuklia

Neno jaribio limebeba mizigo miwili katika Kiswahili. Mwalimu wa sayansi asemapo kwamba wanafunzi wake wamefanya jaribio, tunaelewa kuwa wamepima jambo kwa vyombo na kuandika matokeo yake. Mtangazaji wa redio asemapo kwamba kumetokea jaribio la mapinduzi katika nchi fulani, tunaelewa kuwa watu walikusudia jambo na hawakufaulu. Maana hizi mbili zimekaa pamoja kwa amani miaka mingi, kwa sababu maneno yanayofuata huonyesha ni ipi inayokusudiwa. Amani hiyo huvunjika mara tunapoandika "jaribio la bomu la atomiki".

Tuchukue mfano mmoja. Tarehe 13 Februari 1960 Ufaransa ililipua bomu lake la kwanza la atomiki huko Reggane, katika jangwa la Sahara upande wa Algeria. Nguvu ya mlipuko ule ilikuwa kama kilotani 70, yaani zaidi ya mara nne ya nguvu ya bomu lililoiteketeza Hiroshima. Msomaji aliyeko Mpwapwa au Kondoa akielezwa kwamba "Ufaransa ilifanya jaribio la bomu katika Sahara", hana sababu ya kutodhani kwamba Wafaransa walitaka kulipua bomu wakashindwa, au kwamba mtu fulani alitaka kuwalipua wao. Lugha haikumdanganya, imemwachia tu milango mitatu wazi bila ya kumwonyesha aingie upi.

Mwandishi wa makala hii anaona kwamba pale ambapo bomu limelipuka kweli, yafaa tuseme "mlipuko wa majaribio", na neno "majaribio" peke yake tuliweke kwa shughuli nzima ya kupima silaha: kujenga minara, kupanga vyombo, kulipua, na kuchunguza matokeo. Sababu yake si ufasaha tu. Mkataba wa kupiga marufuku kabisa majaribio ya nyuklia, uliofunguliwa kwa kutiwa saini mwezi Septemba 1996, unakataza mlipuko wa majaribio ya silaha za nyuklia pamoja na mlipuko mwingine wowote wa nyuklia. Kinachokatazwa ni mlipuko. Hesabu zinazofanywa kwa kompyuta ili kujua hali ya silaha za zamani hazikuguswa na katazo hilo. Mtafsiri akiandika kwamba mkataba unakataza "kujaribu silaha", amekwisha kuupanua mkataba kupita walivyokubaliana waliotia saini, na kuweka katika kinywa cha serikali ahadi ambayo haikutoa.

Huenda msomaji akauliza kwa nini jambo la mabomu ya mataifa makubwa lijadiliwe kutoka nyanda za kati za Tanzania, mahali ambapo shida za kila siku ni mvua na maji. Jibu la kwanza ni kwamba mikataba ya namna hii hupita Dodoma. Katiba yetu inalipa Bunge jukumu la kujadili na kuridhia mikataba inayohitaji kuridhiwa, na mjadala huo hufanywa kwa Kiswahili ilhali matini yenyewe huletwa kwa lugha nyingine. Tanganyika ilikuwa miongoni mwa nchi zilizotia saini, mwaka 1963, mkataba wa Moscow uliokataza milipuko ya majaribio katika angahewa, katika anga za juu na chini ya maji. Tanzania ilitia saini Mkataba wa Pelindaba mjini Cairo mwaka 1996 na kuuridhia mwaka 1998. Ikauridhia mkataba wa kupiga marufuku kabisa majaribio mwaka 2004. Na mwaka 2019 ikatia saini mkataba unaopiga marufuku silaha za nyuklia zenyewe. Aidha mwaka 2021 sheria zetu zilirekebishwa ili Kiswahili kiwe lugha ya sheria na ya mahakama, na kwa hiyo Sheria ya Nguvu za Atomiki ya mwaka 2003, pamoja na kanuni zake, ni sehemu ya shehena kubwa inayowasubiri watafsiri wa Serikali.

Jibu la pili liko ardhini. Magharibi ya mji wa Dodoma, katika mbuga za Bahi, na mbele yake kuelekea Manyoni, kuna urani. Haikuja hapo kwa ajabu. Miamba ya matale ya nyanda hizi ni ya kale sana, na ina urani kidogo iliyotawanyika ndani yake. Mvua huimumunya miamba hiyo polepole, maji huteremka mabondeni, na kwa kuwa mto Bubu huishia katika mbuga ya Bahi bila ya kufika baharini, jua hukausha maji hapo hapo na kuacha chumvi, chokaa na urani katika tabaka zisizo na kina kirefu. Makampuni ya kigeni yalizitafuta tabaka hizo mwishoni mwa miaka ya 1970 na tena baada ya mwaka 2005. Wakulima wa mpunga na wavuvi wa Bahi waliona magari, mashimo na watu wenye vyombo vya kupimia, kisha wakasikia maneno matatu yakitajwa pamoja: urani, mionzi, bomu. Je, maneno hayo yalifafanuliwa vipi? Hapo ndipo kazi yetu ilipo.

Atomiki au nyuklia?

Katika magazeti na hotuba, "bomu la atomiki" na "bomu la nyuklia" hutumiwa kana kwamba ni kitu kimoja. Ukweli ni kwamba jina la kwanza ni la zamani zaidi na lina kasoro ya kisayansi. Bomu la kawaida la baruti nalo hufanya kazi kwa atomu, maana kuungua ni kuachana na kushikana kwa atomu. Kilicho kipya katika bomu la mwaka 1945 ni kwamba nguvu yake inatoka katika kiini cha atomu. Kwa hiyo "nyuklia", yaani jambo lihusulo kiini, ndilo neno lenye shabaha. Hata hivyo hatuna haja ya kulifukuza neno atomiki. Limeingia katika jina la Tume ya Nguvu za Atomiki Tanzania, limo katika sheria, na wananchi wanalielewa. Yatosha kulitumia kwa majina rasmi na kwa mabomu ya kizazi cha kwanza, na kutumia nyuklia kwa silaha zote kwa jumla.

Tunapoingia ndani ya kiini tunakuta istilahi mbili ambazo hazina bahati sawa. Kiini kizito cha urani kikipigwa na nyutroni hupasuka vipande viwili, hutoa nishati, na hutoa nyutroni nyingine zinazokwenda kupasua viini vya jirani. Kupasuka huko kumepewa jina la mwatuko, na kwa maoni yangu ni miongoni mwa istilahi bora kabisa tulizonazo katika fizikia. Mtu yeyote aliyeiona mbuga ya Bahi mwezi wa Oktoba, udongo wake mweusi umeatuka kwa jua hata mguu wa ng'ombe huweza kunasa, hahitaji kuelezwa zaidi. Neno limetoka katika lugha na limebeba picha yake.

Mwenzake, myeyungano, hakubahatika hivyo. Hili limeundwa kwa kuunganisha kuyeyuka na kuungana, ili kueleza viini vyepesi vya haidrojeni vinavyoshikana na kuwa kiini kizito zaidi, kama ilivyo katika jua na katika bomu la haidrojeni. Viini haviyeyuki, vinalazimishwa kuungana kwa joto la mamilioni ya digrii. Ingelikuwa vema kusema muungano wa viini, lakini katika nchi hii neno Muungano lina mwenyewe, na mwanafunzi akiambiwa kwamba muungano hutoa joto kali na mlipuko mkubwa, atacheka kabla ya kujifunza. Basi myeyungano na uendelee, mradi mwalimu aeleze kwamba sehemu ya kwanza ya neno isichukuliwe kama ilivyo.

Liko neno jingine ambalo naliona ni la hatari zaidi, nalo ni kurutubisha. Urani inayochimbwa ardhini, iwe ya Bahi au ya nchi nyingine, ina aina mbili kuu za atomu. Aina inayoatuka kwa urahisi, yenye namba 235, ni kiasi cha asilimia 0.7 tu, karibu yote iliyobaki ni aina yenye namba 238. Ili urani ifae kwa bomu, aina ile adimu haina budi kuongezwa mpaka iwe sehemu kubwa ya mzigo wote; katika bomu la Hiroshima ilikuwa kama asilimia 80. Kazi hiyo huhitaji viwanda vikubwa na umeme mwingi. Redio zetu huiita "kurutubisha urani". Sasa kurutubisha, kwa mkulima, ni kutia samadi au mbolea ili ardhi izae. Mwananchi wa Bahi akiambiwa kwamba urani ya ardhini mwake haiwezi kulipuka kwa kuwa "haijarutubishwa", anaweza kuelewa kwamba akitia mbolea katika jaruba lake ataiamsha. Sisemi haya kwa dhihaka. Nimesikia swali la namna hiyo likiulizwa katika mkutano wa hadhara, na aliyejibu alijibu kwa istilahi ile ile iliyoleta swali. Napendekeza tuseme kukoleza: kukoleza urani, urani iliyokolezwa, kiwango cha ukolezo. Mpishi hukoleza chumvi, mpaka rangi hukoleza rangi; kilichokuwapo kidogo kinazidishwa. Ndivyo hasa inavyofanyika kiwandani.

Ikiwa msomaji anahitaji ushahidi kwamba madini ya Afrika yaliwahi kufika katika silaha hizi, upo. Sehemu kubwa ya urani iliyotumiwa na Marekani katika mradi wake wa siri wakati wa vita ilitoka Shinkolobwe katika Katanga, nchi ya wasemaji wa Kiswahili. Mkuu wa kampuni ya Kibelgiji iliyomiliki mgodi huo, Edgar Sengier, alikwisha kupeleka takriban tani 1,200 za mbale kwenye ghala mjini New York mwaka 1940, na jeshi la Marekani liliinunua shehena hiyo mwezi Septemba 1942. Na kwetu, milima ya Uluguru karibu na Morogoro iliwapa wanasayansi madini ya urani ambayo Willy Marckwald aliyaeleza mwaka 1906 na kuyapa jina la rutherfordini, kwa heshima ya Ernest Rutherford, yule ambaye baadaye alitambua kwamba atomu ina kiini.

Bomu, kombora na chombo kinachobeba

Kombora ni neno la zamani, nalo katika siku za mizinga lilikuwa tonge la chuma lenye baruti linalorushwa kutoka mtutuni. Bomu ni la baadaye. Siku hizi maana zimegawanyika vizuri, na yafaa tuulinde mgawanyo huo: bomu halina injini, hudondoka, kombora lina injini, hujiendesha. Nasisitiza pia kitenzi kudondosha. Waandishi wengine hupenda kuangusha, lakini kuangusha ndege ni kuitungua, na sentensi kama "ndege ya bomu iliangushwa" huacha shaka kama kilichoanguka ni ndege au ni mzigo wake.

Historia yenyewe hudai mgawanyo huu. Bomu la kwanza la atomiki halikudondoshwa na ndege yoyote. Lilipandishwa juu ya mnara wa chuma wenye urefu wa mita 30 katika jangwa la New Mexico, likalipuliwa alfajiri ya tarehe 16 Julai 1945. Majuma matatu baadaye, tarehe 6 Agosti, ndege aina ya B-29 iitwayo Enola Gay iliruka kutoka kisiwa cha Tinian ikiwa na bomu la uzito wa zaidi ya tani nne, ikalidondosha juu ya Hiroshima. Tarehe 9 ndege nyingine ikadondosha bomu la plutoni juu ya Nagasaki. B-29 ilikuwa miongoni mwa ndege kubwa kabisa zilizotumika katika vita vile, na hata hivyo ilibidi baadhi yake zifanyiwe mabadiliko maalumu ili ziweze kubeba mzigo huo mmoja.

Kuanzia hapo ndege na bomu vilikua pamoja. Warusi, baada ya B-29 kadhaa kutua katika ardhi yao mwaka 1944, waliinakili ndege hiyo karibu msumari kwa msumari na kuiita Tu-4. Mlipuko wao wa kwanza wa majaribio ulifanyika tarehe 29 Agosti 1949 huko Semipalatinsk. Waingereza walilipua bomu lao la kwanza tarehe 3 Oktoba 1952 katika visiwa vya Monte Bello, Australia, ndani ya meli. Ilipofika tarehe 11 Oktoba 1956 ndipo ndege yao aina ya Valiant ilipodondosha bomu la atomiki juu ya Maralinga, nchi ya wenyeji wa asili wa Australia ambao walihamishwa kwa ajili hiyo. Ndege za Kiingereza za aina hiyo, na wenzake Victor na Vulcan, zilipakwa rangi nyeupe ya kurudisha mwanga ili mmweko wa bomu lao wenyewe usiziunguze. Tarehe 30 Oktoba 1961 ndege ya Kirusi ya Tu-95 ilidondosha juu ya kisiwa cha Novaya Zemlya bomu la tani 27 lililofungwa mwavuli, ili literemke polepole na ndege ipate nafasi ya kukimbia. Mlipuko ulikuwa wa megatani 50. Hakuna mlipuko uliowahi kufanywa na binadamu ulioupita.

Lakini enzi ya ndege kuwa mbebaji pekee ilikwisha haraka. Makombora ya masafa marefu yalipopatikana mwishoni mwa miaka ya 1950, na makombora ya kutungulia ndege yalipoweza kuzifikia zile zirukazo juu sana, kazi hii iligawanywa kati ya ndege, makombora ya ardhini na nyambizi. Uingereza ilihamishia jukumu hilo kwa nyambizi zake mwaka 1969. B-52 ya Marekani, iliyoruka mara ya kwanza mwaka 1952, ingali kazini mpaka leo, ingawa marubani wake hawajazaliwa ilipoundwa.

Je, tuiite nini ndege ya namna hii? "Ndege ya kivita" haitoshi, kwa kuwa hiyo ni jina la jamii nzima. "Mshambuliaji" limekwisha kuchukuliwa na mpira wa miguu. "Ndege ya nyuklia", ambalo hupendwa kwa ufupi wake, linapotosha kabisa: tukisema nyambizi ya nyuklia tunakusudia ile inayoendeshwa kwa nguvu za nyuklia, na kwa kipimo hicho hicho ndege ya nyuklia ingekuwa ndege yenye tanuri ya nyuklia ndani yake. Na ndege za kuchunguzia jambo hilo ziliwahi kuruka. Kati ya mwaka 1955 na 1957 Wamarekani walirusha ndege iliyobeba tanuri ya nyuklia ili kupima kinga ya waendeshaji wake, na Warusi wakafanya hivyo mwaka 1961, ingawa katika ndege zote mbili tanuri haikuendesha injini. Kwa hiyo tukubali urefu kidogo: ndege ya kudondosha mabomu, na inapobidi, ndege ya kudondosha mabomu yenye uwezo wa kubeba silaha za nyuklia.

Maneno "yenye uwezo" yana uzito, na sisi Watanzania tunao mfano wetu. Katika vita dhidi ya Idi Amin, tarehe 29 Machi 1979, ndege ya Libya aina ya Tu-22 ilitumwa kuushambulia mji wa Mwanza. Ilikosa shabaha, silaha zake ziliangukia kisiwa cha Saanane, wakati ule hifadhi ndogo ya wanyama, zikaua swala kadhaa na kumjeruhi kidogo mfanyakazi mmoja. Tu-22 iliundwa na Warusi kwa ajili ya kubeba, pamoja na mengine, mabomu ya nyuklia. Libya iliuziwa ndege bila ya mabomu hayo. Mwandishi wa habari ambaye angeliandika kwamba "ndege ya nyuklia imeshambulia Mwanza" angeliutia mji mzima katika hofu isiyo na msingi, na kila neno lake lingeliweza kutetewa kwa kamusi.

Mkataba wa Pelindaba, unaoifanya Afrika kuwa eneo lisilo na silaha za nyuklia, ulilitambua jambo hili na kulitenga kwa uangalifu. (Pelindaba ni mahali penye kituo cha utafiti wa nyuklia katika Afrika Kusini, nchi iliyotangaza mwaka 1993 kwamba ilikuwa imeunda mabomu sita ikayavunja, jina hilo hufasiriwa kuwa "jambo limekwisha".) Katika maana ya mkataba, zana ya mlipuko wa nyuklia ni zana yoyote iwezayo kutoa nishati ya nyuklia kwa mlipuko, hata kama imevunjwa vipande au haijaunganishwa yote. Chombo cha kuisafirisha au kuifikisha hakihesabiwi kuwa sehemu yake, ikiwa kinaweza kutenganishwa nayo. Zaidi ya hayo kila nchi imeachiwa uhuru wa kuamua kama itaruhusu ndege na meli za kigeni kuzuru viwanja na bandari zake. Afisa wa Serikali anayesoma tafsiri isemayo kwamba mkataba unakataza "silaha za nyuklia na vyombo vyake" amepewa mkataba mwingine, usiokuwapo.

Kadhalika tutenganishe milipuko yenyewe. Tarehe 17 Januari 1966 ndege ya B-52 iligongana na ndege ya kuijaza mafuta juu ya kijiji cha Palomares, Hispania, na mabomu manne ya haidrojeni yakaanguka. Baruti ya kawaida iliyomo ndani ya mawili kati yake ililipuka na kutawanya plutoni mashambani. Mlipuko wa nyuklia haukutokea. Hapo kuna kuanguka, kuna kulipuka, kuna kutawanyika. Sentensi moja ya haraka, "mabomu ya nyuklia yalilipuka Hispania", ingeyavuruga yote matatu.

Mionzi, nuru na vumbi

Katika sehemu hii lugha yetu inatumikisha neno moja kupita kiasi. "Mionzi" hutajwa kwa miale ya jua, kwa picha za hospitali, kwa miali itokayo katika urani, kwa hali ya kitu kutoa miali hiyo, na hata kwa vumbi lenye sumu hiyo. Wataalamu wametupa maneno ya kutosha kuigawa kazi hii: mnururisho kwa kitendo cha kutoa na kusambaza miali, unururifu kwa tabia ya kitu kutoa miali kutokana na kuvunjika kwa viini vyake, na nururifu kwa kitu chenyewe. Nina kinyongo kidogo na maneno haya kwa kuwa shina lake ni nuru. Katika Kiswahili nuru ni baraka. Uso wenye nuru ni uso wa mtu mwema. Kumwambia mama kwamba maziwa ni nururifu ni karibu na kumsifia maziwa. Lakini maneno yamekwisha kukaa vitabuni, na kuyang'oa sasa kutaleta fujo kubwa kuliko faida. Dawa ni kutoliacha neno hilo peke yake mbele ya wananchi: tuseme sumu nururifu, vumbi nururifu, taka nururifu.

Kwa kile kinachoshuka kutoka angani baada ya mlipuko, naona vumbi nururifu ndilo jina linalofaa, ingawa wako wanaopendekeza majivu. Hoja ya majivu ina nguvu. Tarehe 1 Machi 1954 Marekani ililipua bomu la haidrojeni katika kisiwa cha Bikini. Walitarajia kama megatani 6, zilipatikana 15. Matumbawe ya kisiwa yalisagwa na kurushwa juu, na saa chache baadaye yakawanyeshea wakazi wa visiwa vya jirani, pamoja na wavuvi 23 wa Kijapani waliokuwamo katika chombo chao. Wavuvi walikiona kitu cheupe kama majivu na hawakukijua. Mmoja wao alifariki mwezi Septemba mwaka ule. Wajapani wenyewe wamekiita majivu ya kifo. Lakini si kila mlipuko huleta majivu yanayoonekana. Chembe nyingine ni ndogo mno, husafiri na upepo kuzunguka dunia, na hushuka na mvua juu ya nyasi. Iodini yenye namba 131 hupita kutoka nyasi kwenda kwa ng'ombe na katika maziwa, nayo hupungua nusu kila siku nane. Strontiamu yenye namba 90 hukaa mifupani, na nusumaisha yake ni miaka 29 hivi. Kwa wafugaji wa nyanda hizi, ambao maziwa ni chakula chao, sentensi hiyo ina maana ya moja kwa moja, na neno vumbi linaichukua vema kuliko majivu, kwa sababu vumbi hupanda, husafiri na huingia kila mahali. Mtu wa Dodoma hahitaji kufundishwa hilo.

Hofu ya vumbi la Sahara ndiyo iliyowatoa watu barabarani katika Afrika Magharibi. Mwezi Desemba 1959 kikundi cha watu kutoka Ghana, Uingereza na Marekani kilitoka Accra kwa magari kikikusudia kwenda Reggane kuuzuia mlipuko kwa miili yao. Kilisimamishwa katika nchi ambayo sasa inaitwa Burkina Faso. Mmoja wao, Bill Sutherland, Mmarekani mweusi, baadaye alihamia Dar es Salaam na kuishi huko miaka mingi. Nchi huru za Afrika, zilipokutana Cairo mwezi Julai 1964, zilitoa azimio la kuitaka Afrika isiwe na silaha hizi. Ufaransa iliendelea na milipuko yake Algeria mpaka mwaka 1966, kumi na saba kwa jumla, minne hewani na kumi na mitatu chini ya ardhi, kisha ikahamia Pasifiki.

Milipuko iliyohesabiwa duniani tangu mwaka 1945 imepita 2,000. Ili kuikamata mingine, mkataba wa mwaka 1996 uliunda mtandao wa vituo vya kusikiliza ardhi, bahari na hewa. Kilimambogo nchini Kenya kuna kituo cha kupima mitikisiko ya ardhi, na hapa neno mtikisiko lafaa kuliko tetemeko, kwa sababu tetemeko ni la asili, na kazi ya kituo ni kutambua kama kilichotikisa ni asili au ni mtu. Dar es Salaam kuna kituo kingine, chenye namba 64 katika orodha ya vituo vya hewa. Hiki huvuta hewa kupitia chujio kwa muda wa saa 24; chujio huachwa lipumzike ili unururifu wa kawaida wa hewa upungue, kisha hupimwa. Katika nyaraka chache za Kiswahili nilizoziona, kituo hiki kimeitwa "kituo cha mionzi", jina ambalo jirani yake yeyote angelisoma kuwa ni mahali panapotoa mionzi. Kituo chenyewe hakitoi chochote; hukusanya. Napendekeza kiitwe kituo cha kupima vumbi nururifu, na ubao wa langoni ubadilishwe vivyo hivyo, kama upo.